Sahihi ya Juni: Jinsi ripoti mbaya inavyomzuia mfanyikazi wa serikali kupanda cheo



Kila mwaka mwezi wa Juni ukikaribia kwisha, ofisi za serikali hapa Pwani, kuanzia Kwale mpaka Lamu, hushikwa na pilkapilka za aina moja. Fomu za tathmini ya utendakazi hutolewa kabatini, zikapanguswa vumbi, na watu wakaanza kuandika mbio mbio yale waliyoyafanya mwaka mzima. Mwenye kujaza hajali, na mwenye kutia alama hana wakati. Ikiangukia Ijumaa, saa tano watu washaanza kutazama saa, na karatasi yatiwa sahihi kama mtu anayepokea kadi ya mwaliko wa harusi.

Karatasi hiyo ndiyo nataka tuizungumze leo, maana watu wengi waliokwama katika cheo kimoja miaka nenda miaka rudi hawajui kwamba ndiyo iliyowakwamisha.

Nimeyaandika haya kwa sababu ya mazungumzo ya barazani. Majuzi baada ya Isha, tukiwa tumekaa na kahawa chungu na haluwa, kijana mmoja aliyeajiriwa serikalini alilalamika kwamba wenziwe walioanza kazi naye siku moja wamepanda mara mbili na yeye yuko pale pale. Kama kawaida yetu, kila mtu alikuwa na sababu yake. Mmoja akasema ni ukabila. Mwengine akasema ni siasa, hakumpigia mtu kampeni. Wa tatu akasema sisi watu wa Pwani tushazowea, dau la mnyonge haliendi joshi. Mimi nikamuuliza swali moja tu: ripoti zako za miaka mitatu iliyopita zasemaje? Akanitazama. Hakuwa akijua.

Sisemi kwamba upendeleo haupo. Upo, na wengi wetu tumeuona kwa macho yetu. Lakini mwenye kupendelea hufurahi sana akikuta faili lako lina kasoro. Ukimnyima cheo mtu mwenye ripoti nzuri, itakubidi utafute sababu, na sababu hiyo huenda ikakushinda kuieleza. Ukimnyima mtu mwenye ripoti mbaya, sababu amekupa mwenyewe, tena kwa sahihi yake.

Yaliyonikuta mimi

Nayajua haya kwa kuwa yalinikuta. Nilianza kazi nikiwa karani wa masjala katika ofisi moja ya serikali, na diploma yangu ya utunzaji wa kumbukumbu mkononi. Mwaka mmoja, lengo langu kubwa lilikuwa kuingiza faili 500 kwenye kompyuta. Kompyuta yenyewe haikuletwa mpaka mwezi wa Aprili. Halafu mvua za masika zikaja, chumba cha masjala kikavuja, tukakaa wiki mbili twaanika makaratasi kama watu wanaoanika papa. Juni ilipofika nilikuwa nimeingiza faili 200 na kitu. Nilipojumlishiwa na malengo mengine, nikapata asilimia 64.

Mkuu wangu hakuwa mtu mbaya wala hatukuwa na ugomvi. Alipiga hesabu tu, akaandika kwamba niko chini ya matarajio. Akanisogezea fomu akaniambia, "Tia sahihi hapa bwana, inaondoka leo." Ilikuwa Ijumaa. Pale palipoachwa nafasi ya maoni ya mfanyikazi, nikapaacha patupu. Nikatia sahihi, nikaenda zangu msikitini.

Miaka mitatu baadaye nikaitwa kwenye mahojiano ya kupandishwa cheo. Mjumbe mmoja wa jopo akafungua faili, akanionyesha ukurasa ule. "Hapa ulikuwa chini ya matarajio, na mwenyewe ulikubali. Kulikuwa na nini?" Nikaanza kueleza habari za kompyuta, mvua na chumba kinachovuja. Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akaniuliza kwa upole, "Mbona hukuandika?" Sikuwa na jawabu. Nafasi ile akapewa mwenzangu, na sina neno naye, kwani faili lake lilikuwa kamili.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kazi nayo ni vivyo hivyo.

Fomu yenyewe inavyofanya kazi

Zamani mambo yalikuwa ya siri. Mkuu alikaa ofisini kwake, akaandika anavyokuona, akaipeleka ripoti juu, na wewe hukupata kujua kilichoandikwa. Mtu aliweza kustaafu bila kujua ni neno gani lililomzuia. Serikali ya Rais Mwai Kibaki ilipoingia, ilileta mikataba ya utendakazi, na mwaka 2004 mashirika 16 ya serikali yakawa ya kwanza kutia sahihi. Mwaka 2006 ukaletwa utaratibu mpya wa kuwatathmini watumishi wa umma, ambapo msimamizi na mfanyikazi hukaa pamoja na kila mmoja akaona kilichoandikwa. Walimu nao wana wao uitwao TPAD, ambao TSC iliuanzisha mwaka 2016, nao hujazwa kwa mtandao.

Mwaka wa tathmini hufuata mwaka wa fedha, yaani kuanzia tarehe 1 Julai mpaka 30 Juni, na una vituo vitatu. Cha kwanza ni Julai, mnapokubaliana malengo. Cha pili ni katikati ya mwaka, mnapotazama mmefika wapi, na hapo ndipo lengo lisilowezekana huweza kubadilishwa. Cha tatu ni mwisho wa mwaka, alama zinapotiwa.

Katika mfumo wa serikali kuu, aliyevuka asilimia 100 ya malengo yake huwekwa daraja la juu kabisa. Aliyefika 100 humfuata. Wa kati ya 80 na 99 husemwa ametimiza matarajio. Wa kati ya 60 na 79 yuko chini ya matarajio. Kuanzia 59 kushuka, huyo yuko chini sana. Tazama vizuri hesabu hiyo, ndugu yangu. Shuleni tulizowea kwamba 64 ni alama ya kujivunia. Hapa 64 ni ripoti mbaya.

Kosa letu kubwa ni kwamba Julai hatukai na mtu, Disemba hatukai na mtu, halafu vituo vyote vitatu twavijaza siku moja ya Juni. Malengo yaandikwa baada ya mwaka kwisha. Ikiwa mkuu wako akupenda, utaandikiwa malengo unayoyaweza. Ikiwa hakupendi, utajua mwenyewe.

Ripoti mbaya yakuzuia vipi

Ripoti mbaya haikuumizi siku ile. Mshahara wa Julai waingia kama kawaida, wala hakuna anayekuita. Ndiyo maana watu hawaiogopi. Madhara yake huja baadaye, na huja kwa njia kadhaa.

Kwanza ni pale majina yanapochujwa. Miongozo ya utumishi ya kada nyingi yataka mambo matatu kabla mtu kupandishwa: awe amekaa muda fulani katika daraja alilo nalo, mara nyingi miaka 3; awe na vyeti vinavyohitajika; na awe ameonyesha uwezo na ubora katika kazi. Muda unaoneshwa na barua yako ya uteuzi. Vyeti unavyo nyumbani. Hilo la tatu, mahali pa kwanza pa kulitazama ni ripoti zako. Hata katika zile kada ambazo madaraja ya chini hayangoji nafasi iwe wazi, kamati bado huuliza: huyu kazi yake ikoje? Jina lako laweza kuachwa hapo, nawe usiitwe hata kwenye mahojiano.

Pili ni kwenye mahojiano yenyewe, kama yalivyonikuta mimi. Watu wawili wakikaribiana kwa alama, faili ndilo huamua.

Tatu ni mafunzo na kukaimu. Mkuu akitafuta mtu wa kumpeleka kozi, au wa kushikilia nafasi ya aliyekwenda likizo, hamchukui aliyeandikwa kuwa chini ya matarajio. Na kesho tangazo la kazi likitoka, litataka mtu mwenye kozi ile na uzoefu ule. Kwa hivyo ripoti moja yazaa upungufu mwengine, na upungufu huo wazaa mwengine.

Nne, ikiwa ripoti mbaya zafuatana, hapo si habari ya cheo tena. Mtu huwekwa kwenye mpango wa kurekebisha utendakazi wake, na asiporekebika aweza kuadhibiwa, hata kupoteza kazi.

Kuna jambo la tano ambalo wengi hawalifikirii: ripoti isiyokuwepo. Faili lenye pengo la miaka miwili laweza kukuzuia sawa na lenye ripoti mbaya, kwa sababu kamati haina cha kusoma. Yule kijana wa barazani alipokwenda kuuliza, hakukuta ripoti mbaya. Alikuta ripoti mbili hazimo kabisa. Alizijaza, akazitia sahihi, akampa mtu azipeleke. Nakala hana.

Hasara yake kwa shilingi

Tuseme wawili waliajiriwa pamoja, na kwa sababu ya kukwama, mmoja amestaafu na mshahara uliopungua kwa shilingi 10,000 kwa mwezi. Katika pensheni ya zamani ya serikali kuu, hesabu ni mshahara wa mwisho, mara miezi ya utumishi, ugawe kwa 480. Aliyetumikia miaka 30 ana miezi 360, yaani robo tatu ya mshahara wake. Basi zile 10,000 zakuwa pungufu la shilingi 7,500 kila mwezi, kabla ya kutolewa sehemu anayoweza kuichukua kwa mkupuo. Na hilo ni la kila mwezi, mpaka siku atakayoondoka duniani.

Walio kwenye mfuko mpya wa serikali kuu ulioanza Januari 2021, mfanyikazi huchangia asilimia 7.5 ya mshahara na serikali humtilia asilimia 15. Kwa tofauti ile ile ya 10,000, ni shilingi 2,250 ambazo kila mwezi haziingii kwenye akiba yako. Wafanyikazi wa kaunti wana mifuko yao, lakini huko pia mshahara ndio msingi. Hayo ndiyo yanayotokana na kutia sahihi mbio mbio Ijumaa moja.

Sheria inakupa nini

Tusiseme kwamba mnyonge hana pa kushika. Katiba, kifungu cha 232, yasema kupandishwa cheo katika utumishi wa umma kuwe kwa ushindani wa haki na kwa kustahili, na papo hapo yataka watu wa jamii zote, wanawake kwa wanaume, na walemavu wapewe nafasi sawa ya kuajiriwa, kufunzwa na kupanda. Kifungu cha 236 chakataza afisa wa umma kuonewa kwa kufanya kazi yake kisheria, au kushushwa cheo na kuadhibiwa bila ya utaratibu wa haki. Kifungu cha 47 chakupa haki ya kuelezwa kwa maandishi sababu za uamuzi wa kiutawala uliokudhuru, na sheria ya mwaka 2015 iliyotokana nacho yaongeza jambo zito: ofisi ikikataa kukupa sababu, mahakama yaweza kuchukulia kwamba uamuzi ule haukuwa na sababu ya maana. Sheria ya kulinda data ya mwaka 2019 nayo yakuruhusu kuomba kuyaona yaliyoandikwa juu yako, na kuomba yasiyo kweli yarekebishwe.

Ikiwa umeajiriwa na kaunti, na bodi ya utumishi wa umma ya kaunti imetoa uamuzi usioridhika nao, waweza kukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, PSC, kwa maandishi, ndani ya siku 90. Hapa watu wengi huteleza. Hukasirika, wakatafuta wakili, wakaenda mahakamani moja kwa moja. Mahakama ya Rufaa ilisema mwaka 2017, katika kesi iliyotoka Wajir, kwamba njia hiyo ya PSC yapaswa kupitwa kwanza, na sheria ya PSC ya mwaka huo huo yasema vivyo hivyo. Kwa hivyo waweza kuwa na haki yako kamili, kesi ikatupwa kwa kuwa uligonga mlango usiokuwa wako.

Na ikifika kufutwa kazi kwa madai ya utendakazi mbaya, Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 41, yamlazimu mwajiri akueleze sababu kwa lugha unayoifahamu, ukiwa na mwenzako wa kazini au mwakilishi wa chama, na asikilize utetezi wako kabla ya kuamua.

Lakini haki zote hizi zataka ushahidi. Pale penye maoni ya mfanyikazi pakiwa patupu, wakili wako ataanza na nini?

La kufanya kuanzia Julai

Usingoje kuitwa. Mwezi wa Julai mwendee msimamizi wako uombe mkae mwandike malengo. Lengo likitegemea kitu usichokuwa nacho, kama vile gari, kompyuta, dawa au bajeti, andika hivyo hivyo: nitafanya kadha, ikiwa nitapewa kadha. Mwaka ule ningeliandika maneno hayo, ningelikuwa na la kumjibu mjumbe wa jopo.

Katikati ya mwaka, ikiwa kitu hakijaja, andika barua fupi ya heshima kwa mkuu wako umkumbushe, na nakala yake ubaki nayo. Si ugomvi huo. Ni kumbukumbu.

Weka daftari lako dogo. Kila mwisho wa mwezi andika ulichokifanya na tarehe yake. Juni ikifika hutakuwa ukikuna kichwa kukumbuka ya Septemba.

Usitie sahihi fomu ambayo hujaisoma, wala fomu tupu, hata kama mkuu wako ni shemeji yako. Ukiwa hukubaliani na alama, usikatae kwa maneno ya ukumbini. Andika palepale pa maoni, kwa utulivu na kwa hoja: sikubaliani kwa sababu moja, mbili, tatu, na ushahidi ni huu. Kisha upeleke malalamiko kwa anayemsimamia mkuu wako au kwa idara ya wafanyikazi. Na kabla karatasi haijatoka mikononi mwako, itolee kopi uiweke nyumbani pamoja na vyeti vyako.

Neno kwa wakubwa, na kwetu sisi raia

Nanyi mnaotia alama, ndugu zangu, hiyo kalamu ni amana. Ripoti ni ushahidi unaoutoa juu ya mtu, na ushahidi wa uongo twajua sote uzito wake mbele ya Mwenyezi Mungu. Kumshusha mtu kwa sababu ya fitina za ofisini ni dhulma inayofika mpaka kwa watoto wake. Lakini kumtilia mvivu asilimia 100 ili msitazamane vibaya, hiyo pia ni dhulma, ila wanaodhulumiwa hapo ni wengine. Ni yule mama aliyetoka Faza na chombo alfajiri kufuata karatasi, akaambiwa "njoo kesho". Ni yule mwenzake wa ofisini abebaye kazi za watu wawili na mwisho wa mwaka wote wakapata alama moja.

Ndiyo maana sikubaliani na wale wanaotaka tathmini iondolewe. Ikiondolewa, tutarudi kwenye siri, na siri siku zote ilimfaa mwenye jamaa juu. Karatasi iliyo wazi, iliyojazwa kwa haki, ndiyo kinga ya mtoto wa maskini asiyekuwa na wa kumpigia simu.

Yule kijana wetu ameandika barua kuomba ripoti zake mbili zitafutwe, na nakala ya barua ameitilia muhuri wa kupokewa. Majibu bado hajapata. Akipata yasiyomridhisha, ajua sasa aende wapi na ana siku ngapi. Nawe msomaji, ikiwa wewe au mwanao yuko kazini serikalini, kesho asubuhi ulizia faili lako lina nini, kabla hajakuuliza mtu mwengine.

Wabillahi tawfiq.